Misa Luba na Safari Yake Katika Sinema

Miaka michache iliyopita mtu mmoja mwenye kamera alitujia hapa Alimbongo siku ya Jumapili, akaomba kuturekodi baada ya Misa. Sisi wanakwaya tulifurahi. Tulivaa tena kanzu zetu za kwaya, tukaimba nyimbo tatu, mbili za Kiswahili na moja ya Kinande, ile tunayoimba wakati wa kutoa sadaka. Alitushukuru sana, akaenda zake. Miezi ikapita. Halafu kijana wetu mmoja anayesoma Butembo akaja na simu yake, tukasikia sauti zetu wenyewe chini ya picha za watu wanaokimbia vita, magodoro kichwani. Wimbo ni ule wa sadaka. Maneno yamekatwa katikati, jina la kwaya halikuandikwa, wala la kijiji. Wengine kati yetu walitoka machozi kwa kujisikia. Wengine walikasirika hata wakakosa mazoezi ya Jumatano. Na tangu siku ile swali halijatutoka: je, tumepewa heshima au tumeibiwa?

Hatuandiki leo ili kukata kesi hiyo. Lakini kesi hiyo ilitufanya tutafute habari za kwaya nyingine ya nchi yetu, ambayo sauti yake ilichukuliwa na sinema za Ulaya na kuzunguka dunia. Ni kwaya ya Kamina, na wimbo wake ni Misa Luba. Ukimwuliza mzee wa Ulaya apendaye sinema, huenda ataanza mara moja kukuvumia Sanctus yake. Ukiuliza sokoni Lubero, watu watakutazama tu.

Basi tulikaa kwa padre mmoja rafiki yetu mjini Butembo, ambaye ana kompyuta na subira, tukaisikiliza Misa yote mara nne, tukatazama na filamu mbili. Hapa twaeleza tuliyoyaona.

Kamina ni mji wa Katanga, mji wa reli, katika nchi ya Waluba. Padre Guido Haazen, Mfransisko kutoka Ubelgiji, alifika Kongo mwaka 1953, na mwaka 1954 akaanzisha kule kwaya ya watoto wa shule pamoja na walimu wao: watoto karibu 45, wa miaka 9 hadi 14, na walimu 15 hivi. Waliitwa Les Troubadours du Roi Baudouin, yaani Waimbaji wa Mfalme Baudouin, kwa heshima ya yule mfalme kijana wa Ubelgiji aliyeitembelea Kongo mwaka 1955. Siku zile katika misioni nyingi watoto walifundishwa nyimbo za Kigregori na nyimbo za Kizungu zilizotafsiriwa, na ngoma ikabaki nje ya mlango wa kanisa. Lakini mawazo yalikuwa yakigeuka. Papa Pius XII, katika barua yake ya siku ya Noeli 1955 juu ya muziki mtakatifu, aliwakumbusha wamisionari kwamba watu wengi wa misioni wanaupenda mno muziki, na kwamba si busara kuacha kando msaada mkubwa namna hiyo. Kule Elisabethville mwana wa Katanga Joseph Kiwele, mwalimu wa muziki, naye alitunga Misa kwa namna ya kwetu. Kwa hiyo Haazen hakuwa peke yake.

Tofauti yake ni namna ya kazi. Haazen hakukaa mezani akaandika noti, kisha akawapa watoto wazikariri. Waimbaji walichukua maneno ya Kilatini ya Misa, ambayo hakuna ruhusa ya kuyageuza, wakayavika tuni za nyumbani kwao. Mmoja alitangulia, wengine wakaitikia, wakarudia na kurudia hata wote wakaona kwamba sasa imekaa. Kilichoandikwa ni maneno tu. Misa hiyo iliimbwa mara ya kwanza tarehe 23 Machi 1958 katika misioni ya Mtakatifu Bavo, Kamina.

Sasa tuiseme kama muziki, kwani wengi wanaoisifu hawasemi ni kitu gani hasa wanachokisifu.

Kyrie ni kasala. Kasala kwa Waluba ni utenzi wa kilio na wa sifa, unaoimbwa mbele ya maiti na kwenye matanga. Mtu aliyezoea Kyrie ya Kigregori, iliyo laini kama moshi wa ubani, atashtuka. Hapa sauti moja ya mwanamume inapanda juu na kuita, na watoto wanaitikia kwa uzito, ngoma chini yao. Lakini tafakari maneno yenyewe: Bwana, utuhurumie. Maneno hayo ni ya nani, kama si ya mtu aliyefiwa au aliyekosa? Waluba walipotafuta sauti ya kuombea huruma hawakuitafuta mbali. Walikuwa nayo tayari, ile wanayoitumia mauti yanapoingia nyumbani. Sisi Wanande nasi tunazo sauti zetu za matanga, na tunakiri kwamba mpaka leo hatujathubutu kuzileta katika Kyrie. Tunaona haya. Twadhani kilio kibaki uani.

Katika Credo wanafika penye kusulibiwa kwa Bwana, na hapo inaingia ngoma ya kutangaza kifo, ile ambayo kijijini ikilia kila mtu huacha jembe na kuuliza ni nani. Sehemu hiyo haikuchukuliwa na sinema yoyote tuliyoiona. Kwa maoni yetu ndiyo yenye nguvu kuliko zote katika sahani ile. Haina utamu, wala haifai kusindikizia picha za mtu anayekunywa kahawa. Inasema tu kwamba Mtu amekufa, na inalisema kwa lugha ambayo Mluba hahitaji kufasiriwa.

Sanctus nayo ni wimbo wa kuagana katika Kiluba. Jambo hilo lilitushangaza, tukabishana. Kwa nini kuagana? Sanctus si wimbo wa malaika? Mama mmoja wa kwaya, ambaye si mtu wa vitabu, alitujibu kwamba padre akisema tuinue mioyo, mioyo inaondoka, nasi tunabaki tukiiaga. Hatujui kama watu wa Kamina walifikiri hivyo, lakini tangu asema hivyo hatuwezi tena kuisikia Sanctus ile kwa namna nyingine. Kisha Hosanna inafuata, na hapo mapigo yanageuka kuwa ya dansi ya Kasai; miguu haiwezi kutulia. Agnus Dei imetoka katika wimbo wa Bena Lulua, nayo inaiteremsha Misa polepole.

Sauti ile ya juu inayotangulia ni ya mwalimu Joachim Ngoi, mwalimu wa shule ya Kamina. Tunaomba msomaji alishike jina hilo, kwani tutalirudia. Ana sauti nyembamba iliyo kavu kidogo, isiyo na mafuta yoyote ya opera. Hukaa juu ya kundi kama ndege juu ya shamba, huteremka anapotaka, na mara nyingine huchelewa kidogo nyuma ya ngoma, hata ukahofu kwamba ameachwa. Hajaachwa. Mapigo anayo mwenyewe, ndiyo maana anaweza kucheza nayo.

Mwaka ule ule 1958 kwaya ilipelekwa Ulaya. Waliimba Ubelgiji, Uholanzi na Ujerumani, wakaimba pia kwenye Maonyesho ya Dunia mjini Bruxelles. Hapa lazima tuseme na jambo lingine, ingawa linauma. Katika maonyesho yale yale, Wabelgiji walikuwa wamejenga kijiji cha Wakongo ili watu wapite kukitazama, na baadhi ya watazamaji waliwatupia Wakongo waliokuwa wakifanya kazi pale ndizi kama wanavyotupiwa wanyama. Wakongo hao walikataa, wakarudi kwao kabla maonyesho hayajaisha. Basi katika majira yale yale ya joto, katika mji ule ule, Mzungu aliweza kuwapigia makofi watoto wa Kamina kwa sababu ya Gloria yao, kisha akaenda kumtupia baba yao ndizi. Hatusemi kwamba ni mtu yule yule. Twasema kwamba makofi peke yake hayaonyeshi kama mtu amesikia.

Kampuni ya Philips ikatoa sahani ya santuri: upande mmoja Misa, upande mwingine nyimbo za nyumbani, za harusi, za kazi na za michezo. Sahani hiyo ndiyo iliyoingia katika nyumba za watu, na kutoka katika nyumba za watu ikaingia sinema.

Filamu ya kwanza ni ya Pier Paolo Pasolini, Mwitalia, Il Vangelo secondo Matteo, yaani Injili kadiri ya Mathayo, ya mwaka 1964. Pasolini hakuwa mtu wa Kanisa. Alikuwa mfuasi wa Marx, na mahakama za Italia zilimjua. Lakini mwezi wa Oktoba 1962 alikuwa mgeni mjini Assisi siku Papa Yohane XXIII alipofika kule kuhiji. Akabaki chumbani, akaifungua Injili ya Mathayo, akaisoma yote. Filamu ikazaliwa hapo, katika mji wa Mtakatifu Fransisko, naye aliitoa kwa kumbukumbu ya Papa yule. Ofisi ya Kikatoliki ya Sinema iliipa tuzo lake kuu.

Muziki wa filamu hiyo umeokotwa kila mahali: Bach, nyimbo za Waamerika weusi, sala ya Wayahudi. Na ndani yake imo Gloria ya Kamina. Twaisikia mwanzoni, majina yanapopita. Twaisikia tena mwishoni kabisa, asubuhi ya Pasaka: jiwe linaanguka, kaburi ni tupu, na mara ngoma zinalia, na watu wanakimbia. Wanakimbia kweli, wanawake na wavuvi na watoto, juu ya mawe makavu ya kusini ya Italia, wenye nyuso za wakulima. Tulipofika hapo hakuna aliyesema neno kati yetu. Tulizoea filamu za maisha ya Yesu ambamo Ufufuko huimbwa na kwaya kubwa ya vinanda na tarumbeta, mwanga mweupe, macho ya buluu. Hapa Pasaka inaimbwa na watoto wa Kamina.

Tunamsifu Pasolini kwa jambo moja hasa. Aliiacha Gloria iwe Gloria. Hakuitafutia kazi nyingine. Alihitaji utukufu wa Mungu uliotoka vinywani mwa maskini, akautafuta, akaupata, akauweka mahali pake. Mtu asiyeamini alisikia maneno yale kuliko waamini wengi. Hata hivyo hata yeye hakutuambia Ngoi ni nani.

Filamu ya pili ni ngumu zaidi kuisema katika karatasi zetu hizi. Ni filamu ya Mwingereza Lindsay Anderson, if...., ya mwaka 1968, iliyopata tuzo kuu la Cannes mwaka 1969. Twasema wazi kwamba si filamu ya kuwaonyesha watoto. Inahusu shule ya bweni ya wavulana wa matajiri wa Uingereza, ambamo wakubwa wanawachapa wadogo, walimu hawaoni, na kasisi ni mmoja wa wakandamizaji. Mvulana mmoja, jina lake Mick Travis, anaasi pamoja na rafiki zake. Mwisho wanapanda juu ya paa siku ya wageni na kuwapiga risasi.

Huyo Mick, akiwa chumbani mwake, anaweka sahani: ni Sanctus ya Kamina. Ikimalizika anainua sindano na kuirudisha mwanzo. Tena. Na tena. Baadaye anaingia mkahawani, anatumbukiza sarafu katika mashine ya muziki, na Sanctus inalia tena, na yanayofuata kati yake na msichana wa pale hatutayaandika. Waingereza waliotoka kuitazama filamu walikwenda madukani wakaiomba sahani, hata mwaka 1969 Sanctus ikaingia katika orodha ya nyimbo zinazouzwa sana kule, nafasi ya 28, kati ya nyimbo za magitaa na za mapenzi.

Kosa la Anderson, kama ni kosa, ni rahisi kuliona. Alisikia katika Sanctus ile pori, damu moto, uhuru usio na sheria. Ndivyo Wazungu wengi walivyozoea kuisikia ngoma. Lakini kila aliyewahi kuimba katika kwaya anajua kwamba uhuru wa sauti ya Ngoi umetokana na utii wa wengine. Hawezi kupaa namna ile kama waitikiaji hawashiki mapigo bila kuyumba. Watoto wale walikuwa watoto wa shule kama Mick, waliosimama kwa mistari, waliofanya mazoezi jioni baada ya jioni. Sauti ambayo filamu inaitumia kwa kuasi shule imetengenezwa shuleni! Tulicheka kidogo tulipolitambua hilo.

Lakini mmoja wetu, mwalimu mstaafu aliyewahi kukaa bwenini utoto wake wote, hakucheka. Alisema hivi: tazameni tena. Katika shule ile kuna kanisa kubwa, kuna nyimbo za ibada, wote wanasimama na kupiga magoti kwa amri. Ni nani anayesali? Hakuna hata mmoja. Mvulana yule muasi ndiye peke yake aliyetafuta sauti inayosema Mtakatifu, akaisikiliza peke yake mlango umefungwa, akairudia kama mtu mwenye kiu. Hajui anachokisikia. Lakini amekisikia.

Hatukukubaliana. Wengine wetu waliona kwamba mwalimu anampa Anderson sifa ambayo hakuitafuta, na kwamba kijana yule hakuwa na kiu ya Mungu bali ya vurugu, kama mwisho wa filamu unavyoonyesha. Mwandishi wa maneno haya anaelekea upande wa mwalimu, ila si moja kwa moja. Katika tukio la chumbani, ndiyo. Katika tukio la mkahawani, hapana: pale Sanctus imegeuzwa kuwa kitoweo.

Kuna jambo lingine linalotuuma kuliko filamu zenyewe. Misa hii ilitungwa na vinywa vingi. Lakini ilipochapwa katika karatasi za muziki ili kwaya za Ulaya na Marekani ziiimbe, jina lililoandikwa juu ni la Padre Haazen. Hatutaki kumtukana marehemu. Bila yeye pasingekuwa na kwaya, wala sahani, wala Misa. Alikuwa na sikio la kusikia na moyo wa kunyamaza ili wengine watunge, na mioyo ya namna hiyo haikuwa mingi katika misioni za wakati ule. Wala si ajabu kwamba mwenye duka la karatasi hutaka jina moja tu. Lakini wale walimu 15 hawakuwa kuta za nyumba. Kijana aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1958 sasa ni mzee wa karibu miaka 80. Huenda mmoja wao anakaa Kamina hivi leo, au Lubumbashi, na mjukuu wake anacheza Sanctus ile katika simu bila kujua kwamba babu yumo ndani.

Tena tusidhani kwamba jambo hilo huwapata watu weusi peke yao. Kampuni ile ile ya Philips ilimtoa Jeannine Deckers, mtawa wa Kidominiko wa Ubelgiji, ambaye wimbo wake juu ya Mtakatifu Dominiko ulishika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1963. Mwezi wa Januari 1964 alionekana katika televisheni ya Marekani, katika kipindi cha Ed Sullivan, na mwaka 1966 Hollywood wakatoa filamu juu yake. Katika sahani hakuitwa kwa jina lake. Aliitwa Soeur Sourire, Sista Tabasamu. Fedha zilikwenda kwa kampuni na kwa konventi, naye alikuwa na nadhiri ya ufukara. Baadaye, alipokwisha kutoka utawani, serikali ya Ubelgiji ikamdai yeye kodi ya fedha zile. Mwaka 1985 alijiua, akiwa katika madeni na majonzi. Tunamwombea. Dunia nzima ilijua tabasamu lake, na walioimba wimbo wake hawakujua hata anaitwa nani.

Turudi kwa Misa Luba. Ilikuwa na bahati mbaya moja iliyotokana na jambo jema. Tarehe 4 Desemba 1963 Mtaguso uliruhusu lugha za watu katika liturujia, na baada ya miaka michache tukaanza kuimba Misa kwa Kiswahili, Kilingala, Kinande. Tulifurahi, na tunaendelea kufurahi. Mwaka 1988 Roma ikaidhinisha Misale kwa majimbo ya Zaire, na ngoma iliyokuwa ikisubiri nje ya mlango ikaketi karibu na altare. Lakini Misa Luba ni ya Kilatini. Kwa hiyo ilipopata umri wa miaka michache tu ilikuwa imekwisha pitwa na njia ile ile iliyoifungua. Haikuimbwa tena sana kanisani. Kanisa lilipoiweka chini, sinema na majumba ya konserti yakaiokota. Tunapowalaumu watu wa sinema kwa kuitoa altareni, tukumbuke kwamba waliikuta sakafuni.

Mwaka 1990 Philips walitoa Misa Luba nyingine, iliyoimbwa na Muungano National Choir ya Nairobi chini ya Boniface Mganga. Tuliisikiliza pia. Ni kwaya nzuri sana, ya wanaume na wanawake, na besi zao zinatutia wivu. Kwetu hapa baridi inawafanya mabesi wote wakohoe. Kila kitu kimekaa mahali pake. Lakini tukilinganisha, ya Nairobi ni nyumba iliyokwisha pakwa rangi, na ya Kamina ni nyumba ambayo bado wanaijenga, unasikia nyundo. Katika ile ya 1958 yako mahali ambapo watoto wanaingia mapema kidogo, na Ngoi anawasubiri, na wote wanakutana mbele. Nairobi hakuna anayeingia mapema. Mwanakwaya anayetaka kujifunza sauti asikilize ya Nairobi. Anayetaka kujua Misa hii ilizaliwaje, asikilize ya Kamina.

Kesi yetu ya hapa Alimbongo imebaki ilivyo. Mwishoni mwa mwaka 2024 vita vilipofika katika vilima vya kusini ya Lubero, wanakwaya wetu walitawanyika. Wako walioko Lubero, wako walioko Butembo, na wawili hatujapata habari zao. Sasa ile filamu ya yule mgeni, ambayo tuliikasirikia, ndiyo mahali pekee ambapo sauti zetu zote ziko pamoja. Alto mmoja alituambia kwa simu kwamba huitazama kila usiku, naye alikuwa katika wale waliokasirika zaidi. Hata hivyo mwalimu wetu ameandika katika daftari la kwaya majina ya wote walioimba siku ile, na wimbo, na tarehe, na nani alitangulia. Amesema akimpata mgeni yule atamwomba aandike majina hayo mwishoni mwa filamu yake, hata kwa herufi ndogo.

Padre aliyetukaribisha Butembo anayo Misa yote katika kompyuta, na yeyote anayetaka kuisikia amepewa karibu, ilimradi asije saa ya adhuhuri. Tunamshauri asianze na Sanctus, kwani akiijua sinema ataiona sinema tu. Aanze na Credo, akae kimya mpaka ngoma ya kifo ilie, halafu asikilize jinsi Joachim Ngoi anavyongoja kidogo kabla hajaanza tena.